Ngozi Mia Tisa na Kumi na Saba

Kasenyi, Ziwa George
14 Agosti 1977

Kwako dada yangu mkubwa, yaya Emérance,

Nakushika mkono kutoka huku upande wa pili wa mlima, nikiamini kwamba barua hii itakukuta umeketi salama, na watoto wote wazima. Kile kifua kilichokusumbua wakati wa mvua za Aprili kimepoa? Niliambiwa ulikwenda kwa masista wakakupa dawa ukapata nafuu, nikashukuru. Je, Kakule mdogo ameshaanza shule? Na Feresita bado anashona? Nasikia huko kwenu karatasi za serikali sasa hazitaki majina ya ubatizo, na kwamba ofisini wanakuita Kabugho tu. Sawa, serikali ina yake. Kwangu mimi utabaki Emérance, kama mama alivyokuita.

Ukitaka habari zangu, mwili ni mzima na chakula kinapita. Shida yangu ni kutulia. Barua hii niliianza Jumatano na leo ni Jumapili. Kila nikifika ukurasa wa pili nainuka, natembea mpaka pale mitumbwi inapofungwa, nawatazama wavuvi wakitoa samaki wavuni, narudi, naichana. Mama Akumu, muuza samaki aliyenipangisha chumba, aliniuliza jana kama nimekalia siafu. Nikacheka tu. Nikamwambia ni joto.

Utashangaa kuona nimeandika Kasenyi juu ya karatasi badala ya Kasese. Kazi ya ngozi nimeiacha mwezi uliopita. Sikufukuzwa, niliondoka mwenyewe. Ili uelewe kwa nini, itabidi nianzie mbali, na mengine ya mwanzo unayajua kuliko mimi. Nivumilie. Isome polepole, na tafadhali usimpe mtu mwingine akusomee.

Unakumbuka nilivyofika kwako Bwera mwaka ule wa waasi, 1964, nikiwa na shati moja na viatu vya mtu mwingine. Nilikuwa na miaka kumi na minane. Shemeji Zedekia hakuniuliza nitakaa mpaka lini. Alinitandikia ngozi nne za kondoo kwenye banda lake la kukaushia, akaniambia nilale, kesho tutaongea. Kesho yake hatukuongea, alinipa kisu butu na kunionyesha namna ya kukwangua mafuta bila kutoboa ngozi. Miaka miwili nilikaa kwenu. Chakula chenu nilikula, na sabuni ya wanao niliogea. Halafu 1966 ofisi ya ngozi ya Kasese ilipotafuta karani anayejua hesabu, ni shemeji aliyenibeba kwenye baiskeli yake kutoka Bwera hadi Kasese, tukipumzika Kinyamaseke tu kununua ndizi. Alimwambia mkuu wa pale kwamba mimi nilisomeshwa na mapadri na kwamba siibi. Nakumbuka alisema hivyo hivyo: "Huyu haibi."

Kazi yangu ilikuwa kuhesabu. Wakusanyaji wenye leseni, kama shemeji pale Bwera, walileta ngozi kila mwezi kwa lori, nami niliandika ngapi za mbuzi, ngapi za kondoo, ngapi za wanakondoo, na daraja la kila moja. Aliyenifundisha madaraja ni mzee Muniru, Mnubi wa Bombo, mtu mkavu mwenye kofia ya tarbushi iliyofifia. Alikuwa akiinua ngozi dhidi ya mwanga wa mlango, na kabla sijaona kitu yeye amekwisha sema, hii imechunwa na mtu mwenye haraka, hii ilikaushwa chini kwenye udongo badala ya kuwambwa kwenye fremu, hii ilikosa chumvi. Nikikosea alinirudishia ngozi bila neno mpaka nipatie. Ngozi za shemeji alizitambua bila kusoma lebo. Alisema mtu wa Bwera anawamba kama anatandika kitanda cha mgeni.

Miaka hiyo ilikuwa mizuri, yaya. Ukutani mwa ofisi palikuwa na karatasi kubwa ya miraba, na kila mwisho wa mwaka nilichora mstari mwekundu wa ngozi za kondoo na mstari wa buluu wa ngozi za wanakondoo. Mwaka 1966 kondoo walikuwa elfu tatu na mia moja. Mwaka 1968 walikaribia elfu nne. Mwaka 1969 elfu nne na mia mbili. Mstari mwekundu ulipanda na wa buluu ulikaa chini, kama inavyotakiwa. Siku moja mzee Muniru aliniwekea kidole juu ya ule wa buluu. Aliniambia niuangalie huo kuliko mwekundu. "Siku watu wanachinja watoto wa kondoo," alisema, "jua hawana tumaini ya mwaka kesho."

Sasa nakuja kwenye mambo usiyoyajua.

Mwaka 1970, Oktoba, mto Nyamugasani ulifurika ukabeba daraja, na barabara ya Bwera ikafungwa wiki tano. Lori halikuja. Ripoti ya mwaka ilikuwa inatakiwa. Ningeweza kupita kwa miguu na kwenda kuhesabu mwenyewe kwenye mabanda, wengine walipita. Nilikuwa na mafua, na ukweli ni kwamba nilikuwa mvivu. Nikachukua hesabu ya mwaka uliotangulia, nikaongeza kidogo, nikachora mstari wangu. Hakuna aliyeuliza. Mkuu wetu wa wakati ule aliutazama ukutani akasema mwaka umekuwa mzuri. Nilijiambia ni mara moja tu, kwa sababu ya mto.

Mzee Muniru alistaafu mwaka uliofuata, akarudi Bombo. Mwisho wa 1972 Wahindi waliokuwa wakinunua ngozi zetu wakaondoka kama ulivyoona, na maduka yao yakafungwa. Wewe mwenyewe ulikuwa Bwera, unajua yaliyofuata. Chumvi ya Katwe ikawa shida kupatikana kwa sababu malori hayakuwa na mafuta. Blanketi zikatoweka madukani. Watu wa huko juu, kwenye baridi, wakaanza tena kulalia ngozi kama babu zao, na kina mama wakabebea watoto kwa ngozi za wanakondoo kwa kuwa nguo hakuna. Ngozi zilikuwepo, ila zilikuwa vitandani. Nyingine zilivuka mpaka, hilo nalo sote tulilijua. Mwaka 1973 hesabu ya kweli ya kondoo ilikuwa elfu moja mia nane na sabini. Na ule mstari wa buluu, yaya, ulipanda. Kutoka mia tatu ukafika elfu moja na mia moja kwa mwaka mmoja. Watu walikuwa wanachinja wanakondoo kabla mtu mwenye bunduki hajapita kuwachukua.

Niliogopa nilipouona. Niliandika barua kwa mkuu mpya, nikaeleza kwamba kondoo wanakwisha na kwamba mwaka unaofuata hata wanakondoo hawatakuwepo. Mkuu huyu mpya alikuwa afande, aliletwa kwetu bila kujua ngozi ni nini, alikuwa akiziba pua akiingia bandani. Aliniita. Barua yangu ilikuwa mezani chini ya bilauri ya chai. Hakuigusa. Alinyoosha kidole ukutani.

"Wewe karani. Mustari nyekundu inaenda chini kwa nini?"

Nikajaribu kueleza habari za chumvi, na blanketi, na wanunuzi. Akanisikiliza mpaka mwisho, akanywa chai yake. Kisha akaniambia kwamba nchi sasa ni ya wananchi wenyewe, na mali ikiwa ya wananchi haishuki. "Weka juu," akasema. Nikaweka juu.

Nisikudanganye kwamba ilikuwa woga peke yake. Woga ulikuwepo, maana tulikuwa tumeona wenzetu wakichukuliwa kwa makosa madogo kuliko hayo. Lakini nilipandishwa cheo kuwa karani mkuu. Nilipewa nyumba ya matofali yenye bomba uani. Watu waliniamkia. Nilipokuja Bwera Krismasi ya 1974 na kilo tatu za sukari, ulishangilia na kuniuliza nimeipata wapi, nami nikasema ni bahati ya kazi. Hiyo ndiyo ilikuwa bahati yenyewe. Mwaka huo nilichora elfu nne na mia sita. Za kweli hazikufika mia saba.

Mara hii nimeinuka tena. Nimekwenda kunawa uso na nimerudi. Naendelea kabla sijaichana.

Machi 1975 unaijua kuliko mtu yeyote. Ulinisimulia mwenyewe, Land Rover mbili, saa nne asubuhi, na shemeji akiwa juu ya fremu na mikono imejaa mafuta, hata hawakumwacha anawe. Walimwambia amevusha ngozi za serikali kwenda Kongo. Walipekua banda wakakuta ngozi thelathini na moja na magunia matupu. Ulisema uliwauliza ni ngozi zipi, wakakwambia anajua mwenyewe. Na ulisema kwamba kabla hawajafika kwako watu waliwaona wamesimama kwa jirani yenu Gidioni pale njiapanda, na kwamba Gidioni alinyoosha mkono kuelekea nyumbani kwenu.

Kuanzia siku hiyo ulishika kwamba ni Gidioni. Ulikuwa na sababu. Alikuwa amegombana na shemeji juu ya kondoo waliokula maharage yako, na Gidioni naye alikuwa akitaka leseni ya ukusanyaji. Ulipofunga mizigo kurudi Butembo na watoto, ulisimama mbele ya nyumba yake ukasema maneno ambayo sitayaandika hapa. Mimi nilikuwa nimeshika godoro la watoto. Niliyasikia yote.

Huenda hujui yaliyompata baada ya wewe kuondoka. Maneno yako yalibaki Bwera yakafanya kazi. Watu waliacha kumpelekea ngozi, halafu wakaacha kumsalimu. Mkewe, Biira, akitandaza nyanya zake sokoni Mpondwe, wanawake wa pande zote mbili walihama wakaacha nafasi. Pasaka ya mwaka jana watu wasiojulikana walivunja zizi lake mchana, wakati wa misa, wakawafukuza kondoo kumi na wanne kuelekea mtoni. Aliwapata wawili wamekufa majini. Wengine hakuwaona tena. Hakwenda kulalamika kwa mtu yeyote, kwa sababu nani angemsikiliza msaliti?

Na mtoto wake, Tsongo, yule anayefundisha Kinyamaseke, alinijia Kasese mwezi Mei. Alikaa kwenye kiti cha ofisi yangu akiwa ameshika kofia. Aliniambia kwamba yeye na Feresita wanaandikiana tangu zamani, kwamba anataka kuleta barua ya posa, na kwamba wewe umesema afadhali umzike binti yako kuliko kumpeleka nyumba ile. Akaniomba mimi, mjomba wa msichana, nikuombee. Akasema, "Mujomba, baba yangu alionyesha njia tu. Waliuliza Bwera ya juu ni wapi, akaonyesha. Hakuwa anajua wanamutafuta nani." Nilimwambia nitaona. Alipotoka nilifunga mlango nikasimama nyuma yake kwa muda mrefu.

Dada yangu, Gidioni hakumsaliti mumeo. Ni mimi.

Desemba 1974 nilikuwa na mstari wa kupandisha na ngozi za kuuonyesha hazipo. Miaka ya nyuma nilizisambaza zile za uongo kwa wakusanyaji wote, kumi hapa, ishirini pale, lakini wengine walianza kuulizana. Nilihitaji banda moja la kuzibeba zilizobaki, la mtu ambaye hatakuja ofisini kupiga kelele. Niliandika kwamba banda la Zedekia wa Bwera limekusanya ngozi mia tisa na kumi na saba za kondoo, zimehifadhiwa, zinangoja lori. Sikuandika mia tisa kamili kwa sababu namba kamili hushtukiwa. Niliziandika kwake kwa sababu ananipenda. Nilijua akiulizwa atadhani nimekosea na atanifunika. Hivyo ndivyo nilivyofikiri, na ndivyo ninavyokuandikia.

Sikujua kwamba kutoka mji mkuu wangeagiza ngozi hizo. Februari barua ilikuja ikizitaka zote kwa ajili ya kiwanda. Lori likaenda Bwera, likarudi na ngozi arobaini. Kama zilikuwa mia tisa na kumi na saba na sasa ni arobaini, basi nyingine zimevuka mpaka, hesabu yao ilikuwa fupi hivyo. Siku moja kabla hawajaja kwenu, afande aliniita. Walikuwepo watu wawili nisiowajua, wenye miwani myeusi. Karatasi yangu ilikuwa mezani. Afande aliuliza kama ngozi hizi nilizihesabu mimi mwenyewe kwa macho yangu. Ningesema hapana, angechukuliwa mtu mmoja, na mtu huyo ni mimi.

Nilisema, "Ndiyo, afande."

Maneno mawili. Kisha nikarudi mezani kwangu nikachonga penseli. Kesho yake ulituma mtu mbio kunijulisha, nami nikaja Bwera nikakaa na wewe, nikalia, na kulia kwangu hakukuwa kwa uongo. Uliniuliza kama mimi karani mkuu siwezi kusema neno ofisini. Nikakwambia nimejaribu, wamekataa. Sikujaribu.

Miezi kumi na moja walimshikilia shemeji. Alipoachiliwa Februari ya mwaka jana alipitia kwangu Kasese akiwa njiani kwenda kwenu, akalala siku mbili. Uliuona mkono wake wa kushoto, vidole vile vitatu visivyokunjika. Hakuniambia vilivunjwaje na sikuthubutu kuuliza. Nilimchemshia maji ya kuoga, nikamnunulia shati. Nilingoja anitazame vibaya, hakunitazama vibaya. Nikajipa moyo kwamba hajui. Nilimsindikiza mpaka basi la Bwera nikarudi kazini nikiwa mwepesi. Nilipiga hata mluzi, Mungu anisamehe.

Mwezi uliopita alikuja tena, kama unavyojua, kuuza lile shamba la Bwera. Alifika kwangu Jumamosi mchana. Nilikuwa nimeleta nyumbani karatasi za nusu ya mwaka, zimetandazwa mezani. Ngozi za kweli za kondoo kwa Bwera yote zilikuwa sitini na nne, na za wanakondoo tatu. Tatu, yaya. Sikuwa bado nimeandika namba ya afande. Shemeji alisimama nyuma ya kiti changu akizitazama. Akanyoosha ule mkono wa kushoto juu ya bega langu, akagusa karatasi kwa vidole vyake vigumu, mahali nilipoandika saba.

Akasema kwamba Kasese nzima hakuna karani mwingine anayekata saba yake katikati kwa kamstari, wala anayeiandika moja yake na pua ndefu hivyo. Ni mapadri wa Kongo waliotufundisha kuandika namna ile. Akasema siku ya pili ya kukamatwa kwake walimwekea karatasi mbele, wakamwambia asome namba kwa sauti. Mia tisa na kumi na saba. Aliziona ile moja na ile saba kabla hajamaliza kusoma.

Alijua tangu siku ya pili, Emérance. Miezi yote kumi na moja walimuuliza ngozi zimekwenda wapi, na alikuwa na jibu moja ambalo lingemtoa pale siku ileile, kwamba karani ametunga. Hakulisema.

Nilimwuliza kwa nini. Sikuweza kugeuka kumtazama. Aliniambia kwamba angelisema, wangekuja kunichukua mimi, na mtu wa ofisi aliyedanganya ofisi hawezi kurudi. Mkusanyaji wa ngozi huenda akarudi. Alipiga hesabu akaona hivyo. Akaongeza, "Emérance ana ndugu mumoja tu. Ningerudi nyumbani nimuambie nini?"

Nikamwuliza tena kuhusu Gidioni, kwa nini amekuacha wewe uamini yale. Hapo ndipo alipokasirika, mara ya kwanza kumwona amekasirika tangu nimjue. Alisema amekwambia zaidi ya mara kumi kwamba si Gidioni, na kila mara ulimwuliza, basi ni nani, naye alinyamaza, na kunyamaza kwake ukakuona kuwa ni kumhurumia jirani. Alisema alikuwa akinisubiri mimi. Mwaka mmoja na nusu amekuwa akila chakula chako kila jioni akingoja barua yangu. Alisema, "Mimi sitasema kitu, shemeji. Mwenye kalamu ni wewe. Andika hii pia."

Jumatatu nilikwenda ofisini nikaandika sitini na nne, na tatu, nikachora mistari yote miwili mahali pake pa kweli. Mwekundu ulianguka kutoka juu mpaka chini ya karatasi kama kamba iliyokatwa. Niliacha ufunguo wa nyumba juu ya meza na nikapanda lori la samaki kuja huku kabla afande hajarudi kutoka safari. Sijui kama wananitafuta. Gari likisikika barabarani nasimama.

Lakini kabla ya kukuandikia nilitaka kwanza nifike kwa mwenye haki. Jumanne iliyopita nilikwenda Bwera. Nilimkuta Gidioni anajenga upya zizi, maana kaka yake Biira amewapa kondoo majike wawili wa kuanzia. Biira alikuwa uani anapepeta maharage. Hakunipa kiti, na hakukosea. Nilisimama nikawaeleza yote kama nilivyokueleza wewe. Biira aliacha kupepeta. Gidioni aliuliza jambo moja tu.

"Siku ile ulikuwa unajua?"

Nikasema nilijua.

"Na umepita hapa miaka miwili, unanisalimia, unaniuliza habari ya watoto."

Nikasema ndiyo. Alinitazama mpaka nikadhani atanipiga, na ningeshukuru. Badala yake alinionyesha ncha ya pili ya gogo alilokuwa akilisimamisha, akaniambia nishike. Tulilisimamisha, tukashindilia udongo, tukasimamisha jingine, na jingine. Magogo yalipokwisha aliniambia sasa niende, na kwamba yaliyosemwa juu yake mbele ya watu wote hayaondolewi na maneno ya uani. Aliyeyasema ayaondoe.

Aliyeyasema ni wewe, yaya, lakini aliyekupa ni mimi. Hilo ndilo ninalokuomba, na sikuombi lingine. Sikuombi unisamehe. Ukitaka kutonipokea tena, ni haki yako, na mlango wako sitaugonga mpaka uniite. Nakuomba uje Bwera, hata kwa siku moja ya soko, usimame pale njiapanda uliposimama siku ile na kusema kwamba ulikosea mtu. Jina langu ulitaje, usilifiche kwa kuniogopea, nitakuwa nimesimama hapo hapo. Na Tsongo mwache alete barua yake. Feresita asilipe deni la mjomba wake.

Utamkasirikia shemeji kwa kunyamaza, nakujua. Mkasirikie, lakini nianzie mimi kwanza. Nilimwambia kwamba nitaandika, akakubali kungoja Bwera mpaka iwe tayari. Kwa hiyo yeye ndiye atakayekukabidhi barua hii mkononi, na nadhani sasa hivi ameketi nje mlangoni anasikiliza kurasa zikigeuka. Anajua kila neno lililomo. Usimwache akae huko mpaka giza, mgongo wake hautaki baridi.

Nisalimie Kakule mdogo na wadogo zake wote, kila mmoja kwa jina. Mwambie Feresita mjomba wake anamkumbuka. Nisalimie masista waliokutibu na majirani wote wa Butembo wanaotujua. Nakuombea afya, na kifua kisirudi.

Kesho nitaipeleka Bwera mwenyewe. Mpakani wanapekua mifuko na viatu, hivyo itavuka ndani ya kola ya koti la shemeji. Vidole vyake haviwezi tena kushika sindano, na mimi kushona sijui. Huo uzi mweusi uliokata kuifungua ni wa Biira. Jumanne ile jioni tulimwomba, mimi na shemeji, akaweka ungo chini, kisha akasema tumletee koti.

Ni mimi ndugu yako,
Kataliko Stanislas